Baba Mkubwa, Baba Mdogo na Mjomba: Ukoo wa Miungu ya Wayunani katika Maneno ya Kiswahili

Mwalimu asomaye Kitabu cha Matendo ya Mitume pamoja na wanafunzi wake hukuta humo majina ya miungu ya Wayunani wa kale. Huko Listra watu walimdhani Barnaba kuwa ni Zeus, na Paulo kuwa ni Hermes. Huko Efeso palikuwa na hekalu la Artemis. Na chombo kilichomchukua Paulo kutoka Malta kilikuwa na alama ya wale mapacha walioitwa wana wa Zeus. Mara wanafunzi huuliza: Hao ni akina nani? Hermes ni nani wake Zeus? Artemis ni mtoto wa nani? Nao huuliza hivyo kwa haki, maana katika nchi zetu mtu hajulikani kwa jina lake tu, bali hujulikana kwa kuambiwa ni mtoto wa nani, na ni mpwa wa nani.

Kusudi la makala hii si kuwataja miungu wote wa Wayunani, kwa kuwa ni wengi mno. Twataka kuonyesha jambo moja: ya kuwa ukoo huu hauwezi kusimuliwa sawasawa kwa Kiswahili mpaka msimulizi ajue mambo mawili, yaani upande wa ujamaa, kwamba ni wa kuumeni au wa kukeni, na tena ni nani aliyetangulia kuzaliwa. Na mambo hayo mawili ndiyo yaliyokuwa shina la ugomvi katika hadithi zenyewe.

Nchi ya Tunduma yafaa sana kwa uchunguzi huu. Mji huo umo katika Mkoa wa Songwe, uliotengwa na Mkoa wa Mbeya mwaka 2016, nao umekaa mpakani, ukitazamana na Nakonde ya Zambia. Wanyamwanga wako pande zote mbili za mpaka. Na jirani zao upande wa Tanzania ni Wanyiha wa Mbozi na Wandali wa Ileje. Wanyamwanga na Wanyiha hufuata ukoo wa baba. Lakini mpakani husikika pia Kibemba, na Wabemba hufuata ukoo wa mama. Basi yaweza kutokea kwamba katika darasa moja mtoto mmoja amrithi babaye, na mwenziwe aliyeketi karibu naye ahesabiwe kuwa mrithi wa mjombawe. Wawili hao wakisikia hadithi moja hawatasikia jambo moja.

Ukoo wenyewe

Mtunzi aliyepanga ukoo wa miungu kuliko wote ni Hesiod, aliyeishi Uyunani yapata miaka 700 kabla ya Kristo. Yeye asema kwamba Gaia, yaani Nchi, alimzaa Ouranos, yaani Mbingu, pasipo mume. Kisha akawa mke wa huyo mwanawe, wakazaa wana sita na binti sita, waitwao Watitani. Ouranos aliwachukia watoto wake, akawasukuma warudi ndani ya nchi wasione mwanga. Gaia akaumia, akatengeneza mundu, akawaomba wanawe wamsaidie. Wote waliogopa ila Kronos, kitinda mimba, ndiye aliyekubali. Akamvizia babaye usiku, akamhasi, naye akatawala mahali pake.

Kronos akamwoa dadaye Rhea, wakapata watoto sita: Hestia, Demeter, Hera, Hades, Poseidon na Zeus. Lakini Kronos alikuwa ameonywa kwamba mwana wake mwenyewe atamshinda. Kwa hiyo kila mtoto alipozaliwa alimmeza. Zeus alipokaribia kuzaliwa, Rhea alikwenda Krete akamzaa huko kwa siri, akampa mumewe jiwe lililovikwa nguo za mtoto, naye akalimeza. Zeus alipokuwa mtu mzima, Kronos alitapika wote aliowameza, na baada ya vita vya miaka 10 Watitani walishindwa.

Zeus akazaa watoto na wake wengi. Kwa Hera, dadaye na mkewe, alimpata Ares, mungu wa vita. Kwa Demeter, dadaye mwingine, alimpata Persephone. Kwa Leto aliwapata mapacha Apollo na Artemis. Kwa Maia alimpata Hermes. Na Athena alitoka katika kichwa cha Zeus mwenyewe, baada ya yeye kummeza Metis, mama wa mtoto huyo, akiwa na mimba.

Majina ya ujamaa

Hapo ndipo kazi ya msimulizi inapoanza. Kiingereza kina neno moja tu kwa ndugu mume wa baba na kwa ndugu mume wa mama. Kiswahili hakina neno la namna hiyo. Ndugu mume wa baba ni baba, akiwa mkubwa au mdogo. Ndugu mume wa mama ni mjomba. Dada wa mama ni mama, mkubwa au mdogo. Dada wa baba ni shangazi. Mtoto wa dada wa mwanamume ni mpwa wake, na neno hilo ndugu zetu Wabemba wanalo pia, nao husema *umwipwa*. Si majina matupu hayo. Anayeitwa baba ana haki na wajibu wa baba. Anayeitwa mjomba ana haki nyingine na wajibu mwingine.

Wayunani wa kale nao walitofautisha. Katika utenzi wa Odyssey, Homer asema kwamba Athena hakujitokeza waziwazi kumsaidia Odysseus kwa sababu alimstahi Poseidon. Na neno alilolitumia, *patrokasignetos*, maana yake hasa ni ndugu wa baba. Baadaye neno *theios* lilitumika kwa pande zote mbili. Basi atafsiriye habari hiyo kutoka Kiingereza, asipoangalia, atamwita Poseidon mjomba wa Athena, na hapo atakuwa amekosa. Athena hakuwa anamstahi mjomba. Alikuwa anamstahi baba.

Tukijaribu kuwapa watoto wa Zeus majina ya ujamaa, twaona mambo ya ajabu. Ares ni mwana wa Zeus na Hera, ambao ni ndugu wa tumbo moja. Kwa hiyo Zeus ni babaye, naye pia ni mjombawe. Hera ni mamaye, naye pia ni shangaziye. Persephone ni vivyo hivyo, maana Demeter ni mamaye na shangaziye. Leto, mama wa mapacha, alikuwa binti wa Koios, nduguye Kronos. Yaani Zeus alizaa na binti wa baba yake mkubwa, ambaye kwa desturi za watu wengi wa bara angemwita dada. Na Maia, mama wa Hermes, alikuwa binti wa Atlas, na Atlas mwana wa Iapetos, ndugu mwingine wa Kronos. Kwa hesabu ya Kibantu Atlas ni nduguye Zeus, na Maia ni mwanawe.

Msomaji asidhani kwamba Wayunani waliyaona hayo kuwa mfano wa kufuatwa. Kwao wanadamu waliozaliwa tumbo moja hawakuoana. Sheria ya Athens ilimruhusu mtu kumwoa dadaye wa baba mmoja, ila si dadaye wa mama mmoja. Na kuolewa na ndugu wa baba kuliruhusiwa. Hata ikiwa baba alikufa asiache mwana wa kiume, jamaa wa karibu wa marehemu, mara nyingi nduguye, alikuwa na haki ya kumwoa binti yule, ili mali isitoke katika nyumba. Jambo hili la mwisho tulikumbuke, maana tutalihitaji.

Mkubwa ni nani?

Tumesema kwamba Poseidon ni baba kwa Athena. Lakini je, ni baba mkubwa au ni baba mdogo? Kwa Kiswahili hapana budi kuchagua, na hapo twakuta kwamba Wayunani wenyewe walitofautiana.

Hesiod asema kwamba Zeus ni kitinda mimba. Kwa kumfuata yeye, Poseidon ni baba mkubwa. Lakini Homer, katika Iliad, asema kwamba Zeus alizaliwa kwanza, naye anajua zaidi. Kwa kumfuata huyu, Poseidon ni baba mdogo. Wala tofauti hiyo si ndogo. Katika Iliad Zeus anamtuma mjumbe kumwamuru Poseidon aache vita vya Troya. Poseidon anakasirika: asema kwamba wao ni ndugu watatu wa baba mmoja, nao waligawana urithi kwa kura, yeye alipata bahari, Hades alipata kuzimu, Zeus alipata mbingu, bali nchi na mlima wa Olimpo vilibaki kuwa vya wote. Basi Zeus na awaamuru watoto wake mwenyewe. Ndipo mjumbe anamkumbusha kwamba wale pepo wa kisasi daima huwa upande wa mkubwa. Kwa neno hilo Poseidon anatulia, akakubali. Hakushindwa kwa nguvu, ameshindwa kwa heshima ya mkubwa. Kila mzee wa Kinyiha au wa Kinyamwanga angelielewa neno hilo bila kufasiriwa.

Kwa Hesiod jambo ni tofauti. Huko kitinda mimba ndiye atawalaye, mara mbili mfululizo, Kronos kwanza, kisha Zeus. Hakupewa ufalme kwa ukubwa wa kuzaliwa, bali kwa sababu alithubutu alichokiogopa mwingine, naye akachaguliwa na wenziwe.

Tena kuna jawabu la tatu, nalo ni la werevu. Watoto waliomezwa walitapikwa kwa kugeuza mpangilio: jiwe, lililomezwa mwisho, likatoka kwanza. Kwa hiyo Hestia, aliyezaliwa kwanza, alitoka mwisho. Na utenzi mmoja wa kale wa kumsifu Aphrodite wamwita Hestia kifungua mimba na kitinda mimba pamoja. Kama kutapikwa kule ni kuzaliwa mara ya pili, basi Zeus, ambaye hakumezwa kamwe, ni mkubwa wao wote. Mwanafunzi akiuliza, Bwana mwalimu, Poseidon ni baba mkubwa au ni baba mdogo? asinyamazishwe. Ameuliza swali ambalo watunzi wa Uyunani walilijibu kwa njia tatu.

Arusi ya Persephone

Sasa tuje kwa hadithi ambayo, kwa maoni yetu, huharibika kuliko zote ikisimuliwa bila uangalifu. Hades, mfalme wa kuzimu, alimtaka Persephone awe mkewe. Zeus, baba wa binti, akakubali, bali hakumwambia mamaye. Siku moja binti alipokuwa akichuma maua, nchi ilifunguka, Hades akatokea na gari lake, akamchukua kwa nguvu. Demeter akamtafuta siku 9 bila kula wala kuoga. Alipoijua kweli, aliuacha mlima wa miungu, akazuia mbegu zisiote, hata wanadamu wakakaribia kufa kwa njaa. Ndipo Zeus akamtuma Hermes kumrudisha binti. Lakini Hades alikuwa amemlisha punje ya komamanga. Na kwa ajili ya punje hiyo Persephone hukaa kuzimu sehemu moja ya tatu ya kila mwaka, na sehemu mbili hukaa na mamaye.

Vitabu vingi husema tu kwamba Hades alimwoa mtoto wa nduguye. Lakini ndugu yupi? Hades ni nduguye Zeus, tena ni nduguye Demeter. Kwa Persephone yeye ni baba, na papo hapo ni mjomba. Katika utenzi wa kale wa kumsifu Demeter, Jua lamfariji mama huyo likimwambia kwamba Hades si mkwe asiyestahili, maana ni ndugu yake mwenyewe, wa mbegu moja. Kwa Myunani aliyekumbuka sheria tuliyoitaja juu, maneno hayo yalikuwa na maana: binti hakutoka katika nyumba, amepewa jamaa wa karibu, na babaye ameridhia. Lakini kwa msikilizaji wa Tunduma faraja hiyo yageuka kuwa shtaka. Kuambiwa kwamba mkwe ni nduguyo si kutuliza, ni kuongeza msiba.

Naye angeuliza neno jingine: Mahari ililipwa kwa nani? Kwa desturi za watu wengi wa nchi hizi, ndugu wa baba hushirikiana katika kupokea mahari ya binti, na mjomba naye huwa na fungu lake. Hades, kama angelipa, angelikuwa mlipaji kwa kuwa ni bwana arusi, na mpokeaji kwa kuwa ni baba, na mpokeaji tena kwa kuwa ni mjomba. Mali ingelitoka katika mkono wake wa kuume na kuingia katika mkono wake wa kushoto. Arusi ya namna hiyo haifungamanishi nyumba mbili, kwa sababu hakuna nyumba ya pili.

Wala tusiwaze kwamba Wayunani hawakuona uchungu wa jambo hilo. Utenzi wenyewe wampa Demeter haki. Sheria ilikuwa upande wa Zeus na Hades, bali mwisho wake ni kwamba miungu wote walilazimika kupatana na mama aliyenyimwa neno katika arusi ya mwanawe. Zeus, aliyewashinda Watitani, hakuweza kumlazimisha dadaye aoteshe mbegu hata moja.

Ukoo wa Wabemba

Ili kuonyesha kwamba hadithi za ukoo hufuata desturi ya kurithi, tulinganishe na hadithi ya karibu. Wabemba husimulia kwamba wafalme wao walitoka magharibi, katika nchi ya Kola. Huko alitawala Mukulumpe, aliyemwoa Mumbi Mukasa, mwanamke aliyesemwa kuwa ameanguka kutoka mbinguni, mwenye masikio makubwa kama ya tembo. Wana wao walikuwa Katongo, Chiti na Nkole, na binti yao Chilufya. Vijana walijenga mnara mrefu, ukaanguka ukaua watu. Baba akawakasirikia, Katongo akapofushwa macho, na Chiti na Nkole wakakimbilia mashariki pamoja na watu wao. Lakini hawakwenda moja kwa moja. Walituma watu kumwiba dada yao Chilufya, aliyekuwa amefungiwa nyumbani kwa baba.

Kwa nini walijitia katika hatari hiyo? Asiyejua desturi atasema kwamba walimpenda dada yao. Ni kweli, lakini haitoshi. Kwa Wabemba ufalme haumwendei mwana wa mfalme. Humwendea ndugu yake wa tumbo moja, au mwana wa dada yake. Wanaume watupu wasio na dada wangelikuwa ukoo uliokwisha kufa. Na ndivyo ilivyotokea: Chiti aliuawa kwa mshale kwa ajili ya mke wa mtu, Nkole naye akafa baada yake, na aliyerithi alikuwa kijana, mwana wa dada yao. Jina la Chiti limebaki katika cheo cha Chitimukulu, yaani Chiti Mkuu, mpaka leo. Na ukoo wa mamba, unaotoa wafalme hao, huhesabiwa kwa Mumbi Mukasa, si kwa Mukulumpe.

Tuangalie sasa tofauti. Katika hadithi ya Wayunani mfalme humwogopa mwanawe, kwa kuwa mwana ndiye mrithi, na mrithi aweza kuchoka kungoja. Ouranos awafungia watoto, Kronos awameza, na Zeus ammeza mama pamoja na mimba yake. Hofu ni ile ile, ila kila mmoja ameongeza werevu. Katika hadithi ya Wabemba yuko baba mkali pia, bali wana hawakutaka kiti chake; walikwenda zao, wakachukua kilicho cha lazima, yaani dada. Mahali ambapo Myunani aliweka mundu, Mbemba aliweka safari ya usiku ya kumwiba Chilufya.

Neno kwa waalimu

Kwa hiyo twawashauri waalimu wenzetu watakaosimulia habari hizi, au kuzitafsiri, wajiulize maswali matatu kabla ya kuandika neno lolote la ujamaa. Kwanza, ujamaa huu ni wa kuumeni au wa kukeni? Pili, nani alizaliwa kwanza, na ni mtunzi gani asemaye hivyo? Tatu, katika nyumba hii nani humrithi nani? Kama kitabu kilicho mkononi hakisemi, na achore ukoo kwa mkono wake juu ya karatasi, kuanzia Ouranos na Gaia hata Persephone, aone mistari inavyokutana. Kazi hiyo haimalizi nusu saa.

Asikubali kamwe kuandika kwamba Hades alimwoa mtoto wa nduguye, akaishia hapo. Na aseme wazi: alikuwa baba yake mkubwa, tena mjomba wake, babaye alijua, mamaye hakuambiwa. Hapo mtoto wa Kinyamwanga na mtoto wa Kibemba, kila mmoja kwa sababu yake mwenyewe, wataelewa kwa nini mashamba yalikauka.